Maswali na majibu: Mzee Fernán Gómez na kazi iitwayo uigizaji

Wiki mbili zilizopita nilimtaja hapa Fernando Fernán Gómez, mwigizaji wa Hispania aliyepanda jukwaani wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe vya nchi yake na kuendelea na kazi mpaka uzeeni. Nilisema ndiye mfano wangu kila ninapotaka kueleza kwamba uigizaji ni kazi ya ufundi, kama useremala au ushonaji, na anayeifanya anastahili ujira na mapumziko. Nikasema pia kwamba alikuwa na moyo wa kianarkia, yaani wa watu wasiotaka kutawaliwa na serikali. Maswali yamekuja mengi. Yanayofanana nimeyaunganisha. Yale ya kuniomba kiungo cha kupakua filamu zake bila kulipa sitayajibu, leo wala siku nyingine.

*Huyu si ndiye yule muuza unga mwenye ndevu na mwavuli, aliyemtoroka polisi kwenye treni ya chini ya ardhi New York? (Msomaji, Mombasa)*

Siye. Huyo wa filamu ya The French Connection ya mwaka 1971 ni Fernando Rey, mtu wa A Coruña. Tena hata yeye alifika pale kwa kuchanganywa na mwingine: mwongozaji William Friedkin alimtaka Francisco Rabal, waliotumwa kumtafuta wakamletea Rey. Ni Wahispania watatu, nyuso tatu na sauti tatu tofauti. Hii ni barua ya nne kuniuliza jambo hilihili, na jibu lake liko kwenye majina yanayopita filamu inapokwisha. Yasomeni yale majina. Kwa wengi waliofanya kazi ile, hapo ndipo mahali pekee jina lao litakapoandikwa.

*Siku hizi anaigiza wapi? (Msomaji, Dodoma)*

Alifariki Madrid tarehe 21 Novemba 2007, akiwa na miaka 86.

*Kuna wanaosema ni Mperu, wengine Muargentina, na wewe umeandika Mhispania. Tushike lipi? Na "Gómez" ndilo jina la ukoo wake? (Msomaji, Zanzibar)*

Yote matatu yana ukweli ndani yake, na kisa chake kinafaa kusimuliwa polepole.

Mama yake, Carola Fernán Gómez, alikuwa mwigizaji. Alijifungua Lima, Peru, tarehe 28 Agosti 1921, akiwa safarini Amerika ya Kusini na kazi ya jukwaa. Kuzaliwa kwa mtoto kuliandikishwa baadaye Buenos Aires, na kwa karatasi hiyo Fernando akawa raia wa Argentina. Akakulia Madrid, akafanya kazi Madrid, akawa uso unaojulikana na kila Mhispania anayekwenda sinema, huku mfukoni ana pasi ya Argentina. Uraia wa Hispania aliupata mwaka 1984, akiwa ameshavuka miaka 60.

Baba yake naye alikuwa mwigizaji: Luis Fernando Díaz de Mendoza y Guerrero, mtoto wa María Guerrero. Hilo jina la bibi ndilo la kulishika. María Guerrero alikuwa malkia wa tamthilia ya Kihispania wa zama zake. Alikuwa na kampuni, alikuwa na majumba ya maonyesho, na neno lake lilipandisha watu na kushusha watu. Hakutaka mwanawe amuoe yule mwigizaji. Mtoto hakutambuliwa. Desturi ya Wahispania ni mtu kubeba majina mawili ya ukoo, la baba kisha la mama. Huyu alibeba ya upande wa mama peke yake. Kwa hiyo usimwite Gómez. Ni Fernán Gómez, maneno mawili, jina moja, na ni la mama yake.

Aliyemlea ni bibi mzaa mama, kwani Carola alikuwa mbioni na makundi ya maigizo kutafuta riziki ya nyumba. Nalisisitiza hili kwa sababu katika makundi ya maigizo ya nchi nyingi, zetu zikiwemo, msichana akipata mimba ndani ya kundi, anayefungashwa mizigo ni yeye. Mwanamume hubaki na nafasi yake kwenye mchezo ujao. Wenye makundi mnajua ninachosema, na mnaweza kukikomesha mkitaka.

*Nimeona kipande cha video mzee huyu akimtukana shabiki aliyetaka sahihi tu. Mtu wa namna hiyo tunamsifu kwa lipi? (Wasomaji sita, sehemu mbalimbali)*

Kipande hicho nakijua, na kila mtu anakijua. Ndiyo shida yenyewe. Mzee mwenye ndevu, watu wamemzunguka, mmoja anamng'ang'ania mpaka anafoka na kumwambia aende zake kwa neno chafu. Sitetei neno lile. Ila mtu aliyefanya kazi miaka karibu 70, akaigiza filamu karibu 200, akaongoza zaidi ya 20, akaandika tamthilia, riwaya na kitabu cha maisha yake, akachaguliwa kuingia Akademia ya Kifalme ya lugha ya Kihispania na kukaa kiti chenye herufi B mwaka 2000, anapimwa na nyinyi kwa sekunde ishirini zilizokatwa na mtu asiyemjua. Mmoja wenu ameniandikia kwamba hajawahi kuona filamu yake hata moja, lakini "amemfahamu tabia". Haumfahamu. Tenga saa mbili, mtazame akifanya kazi yake, kisha niandikie tena nami nitakujibu kwa urefu unaoutaka.

Na kuna jambo ambalo hakuna kati yenu aliyeliuliza. Kununua tiketi kunakupa onyesho. Muda wa msanii, bega lake na tabasamu lake akiwa njiani kurudi nyumbani havimo katika bei ile.

*Mimi ni mwigizaji chipukizi. Yeye alikuwa bora jukwaani au kwenye filamu? Na mimi nianzie wapi? (Msomaji, Nairobi)*

Alianzia jukwaani, kwa sababu ndilo lililokuwepo. Madrid ikiwa vitani alisoma katika shule ya waigizaji ya CNT, chama cha wafanyakazi cha wanaharakati wa anarkia, na mwaka 1938, kijana wa miaka 17, akaanza kulipwa katika kampuni ya Laura Pinillos. Baada ya vita mwandishi wa vichekesho Enrique Jardiel Poncela alimwona kijana huyu mrefu, mwenye nywele nyekundu na pua kubwa, sura ambayo hakuna aliyedhani ni ya nyota, akampa nafasi. Mwaka 1943 filamu zikamchukua, na tangu hapo kamera ndiyo iliyomlisha zaidi.

Swali la wapi alikuwa bora alilijibu mwenyewe, tena kwa njia ambayo hakuna mchambuzi atakayemshinda. Mwaka 1986 alitoa filamu ya El viaje a ninguna parte, yaani safari isiyokwenda popote. Ilianza kama mchezo wa redio, ikawa riwaya, kisha ndiyo akaigeuza filamu akiiongoza mwenyewe. Ni habari za ukoo wa Galván, waigizaji wa kuzunguka vijijini miaka baada ya vita, wanaobeba mapazia na masanduku barabarani, wanacheza usiku mmoja hapa na usiku mmoja pale, wanalala wanapopata. Sinema inawafuata kijiji baada ya kijiji na kuwanyang'anya watazamaji. José Sacristán ni Carlos, na Fernán Gómez ni baba yake, don Arturo.

Kuna tukio moja humo ambalo ningependa kila mwanafunzi wa uigizaji alione. Don Arturo anapata kazi ya siku moja kwenye filamu, sehemu ndogo kabisa yenye maneno machache. Mzee anayatamka kama alivyoyatamka maishani mwake mwote: kwa sauti ya kumfikia aliyekaa safu ya mwisho, mikono hewani, herufi zimevutwa. Mwongozaji anamwambia punguza. Anarudia vilevile. Anaambiwa ongea kama watu wanavyoongea. Hawezi, na kadiri anavyojaribu ndivyo jasho linavyomtoka na watu wa kamera wanavyogeuza macho. Ni mtu aliyeimudu kazi yake miaka hamsini, na katika asubuhi moja ufundi wake wote unageuka kuwa kosa. Aliyeigiza tukio hilo ni mwigizaji aliyejua kamera kuliko wengi wa kizazi chake. Ilimbidi aigize kutojua, tena bila kumdhihaki yule mzee. Nimelitazama mara nyingi na bado linanibana koo.

Sasa wewe wa Nairobi. Jukwaa litakufundisha pumzi, na kwamba mwenzako akisahau maneno unamwokoa. Kamera itakufundisha kunyamaza. Vyote viwili unahitaji. Ila kabla ya vyote, jifunze kusoma mkataba. Hispania enzi hizo desturi ilikuwa maonyesho mawili kwa siku, moja jioni na moja usiku, na mazoezi ya mchezo mwingine mchana. Mwezi Februari 1975, Franco, dikteta aliyeitawala Hispania tangu ashinde vita vile, akiwa bado hai na kugoma kukiwa ni hatari, waigizaji wa Madrid waligoma na majumba ya maonyesho yakafungwa. Walitaka, pamoja na mengine, onyesho moja kwa siku. Waliogoma walikuwemo watu wenye majina makubwa na watu wasio na majina kabisa. Mimi mwenyewe, nilipokuwa kijana, niliigiza miezi minne katika mchezo mmoja kwa ahadi ya mdomo, na mwisho nikapewa nauli. Usikubali. Iandikwe, isomwe, isainiwe, nawe ubaki na nakala yako.

*Unasema alikuwa na moyo wa kianarkia. Mbona nasoma aliigiza padri kwenye filamu zilizopendwa na serikali ya Franco? Si unafiki huo? (Msomaji, Bukoba)*

Ni kazi. Filamu unayoisema ni Balarrasa ya mwaka 1951, kapteni wa jeshi anayekuwa padri na kwenda umisionari, na ilimpa umaarufu mkubwa. Alikuwa na nyumba ya kulisha. Fundi anayejenga msikiti wiki hii na kanisa wiki ijayo hatumuulizi imani yake, tunamuuliza kama ukuta umenyooka.

Lakini ukitaka kujua aliposimama, tazama alichofanya alipopata nafasi ya kuchagua, na kilichompata. Mwishoni mwa miaka ya 1950 aliigiza El inquilino, ya mwongozaji yuleyule wa Balarrasa, José Antonio Nieves Conde: mtu, mke na watoto, jengo lao linabomolewa huku wao wamo ndani, wanazunguka Madrid nzima wakitafuta pa kupanga na hawapati. Wizara ya Nyumba ilikasirika. Filamu iliondolewa, na iliporuhusiwa tena ilikuwa imekatwa na kubandikwa mwisho mwema ambapo familia inapata nyumba. Nieves Conde alikuwa Mfalanja, mtu wa upande wa utawala, na bado hawakumwachia.

Mwaka 1963 Fernán Gómez akaongoza mwenyewe El mundo sigue. Dada wawili wanaochukiana katika nyumba moja ya watu wa kipato cha chini Madrid, mmoja kaolewa na mhudumu wa baa anayemaliza mshahara kwenye kubashiri matokeo ya mpira. Huyo mume anaigizwa na yeye. Haikupigwa marufuku kwa kelele. Ilionyeshwa kidogo tu Bilbao mwaka 1965, kisha ikazikwa kimyakimya. Ilirudi kwenye kumbi za sinema kwa heshima yake mwaka 2015, miaka minane baada ya yeye kufariki. Wengi husema sasa kwamba ni miongoni mwa filamu kubwa za Hispania, na mimi nasema hivyo pia. Wanaoniandikia kwamba udhibiti "ulisaidia maadili" waitazame ile, wahesabu miaka kutoka 1963 mpaka 2015, wanieleze ni maadili ya nani yaliyosaidiwa. Na wasisahau kwamba mtu wa mikeka ya kubashiri anayemaliza mshahara wake ijumaa bado yupo, mtaa wowote.

*Alipata Oscar ngapi? (Msomaji, Mwanza)*

Yeye, hakuna. Filamu ya Belle Époque, aliyoigiza mzee mchoraji mwenye mabinti wanne, ilishinda Oscar ya filamu ya lugha ya kigeni mwaka 1994. Tuzo zake mwenyewe ni nyingi: Dubu wa Fedha wa mwigizaji bora Berlin mwaka 1977 kwa El anacoreta, ambamo anaigiza mtu aliyejifungia maliwatoni kwake miaka mingi na kutuma barua duniani ndani ya vichupa vya aspirini kupitia choo; Dubu wa Dhahabu wa heshima mwaka 2005 hukohuko Berlin; tuzo ya Mwanamfalme wa Asturias ya sanaa mwaka 1995. Na tuzo za kwanza kabisa za Goya, tuzo za filamu za Hispania, mwaka 1987, zilimwangukia usiku mmoja: El viaje a ninguna parte ikawa filamu bora, naye akawa mwongozaji bora, mwandishi bora na mwigizaji bora. Hakuhudhuria.

*Ninafundisha fasihi sekondari. Nimesikia aliandika tamthilia. Inafaa kwa wanafunzi? (Mwalimu, Arusha)*

Inafaa sana, mwalimu, na nakushukuru kwa swali. Inaitwa Las bicicletas son para el verano: baiskeli ni za kiangazi. Ilionyeshwa mara ya kwanza mwaka 1982 katika ukumbi wa Teatro Español, Madrid, na miaka miwili baadaye Jaime Chávarri akaitengenezea filamu.

Ni kiangazi cha 1936. Kijana Luis anataka baiskeli ili aende kutembea na wenzake na hasa na msichana mmoja. Baba, don Luis, anamwambia asubiri kidogo. Vita vinaanza. Kidogo hicho kinakuwa miaka mitatu. Hakuna uwanja wa mapambano jukwaani. Kuna sebule, jiko, majirani, ghala la chini wakati mabomu yanapoanguka.

Tukio la dengu litakutosha kwa vipindi viwili. Chakula kimekwisha mjini, dengu zinapikwa kwa kuhesabiwa, na kila siku sufuria inapungua kabla ya kufika mezani. Nyumba nzima inatafuta mwizi. Kisha mmoja anakiri: anapopita jikoni huchota kijiko kimoja, kimoja tu, njaa ikimzidi. Mwingine anakiri naye. Mwishowe inabainika kila aliyemo mle ndani huchota kijiko chake akiamini ni yeye peke yake. Hakuna anayemlaumu mwenzake. Waulize wanafunzi wako nani mwizi hapo, uwaache wabishane.

Na mwishoni vita vimekwisha, kijana anadhani sasa ni amani, na baba yake anamwonyesha tofauti ya amani na ushindi wa upande mmoja. Kijana anaelewa kwamba baba anaweza kukamatwa. Fernán Gómez alikuwa na umri wa karibu miaka 15 vita vilipoanza, Madrid hiyohiyo. Dengu zile alizijua.

Tahadhari moja: usichukue tafsiri ya mashine kutoka mtandaoni ukawapa watoto. Mazungumzo ya familia ndiyo uhai wa tamthilia hii, na mashine huyageuza kuwa matangazo ya uwanja wa ndege. Kama shuleni kuna anayejua Kihispania, au hata Kifaransa au Kiingereza cha kutosha kusoma tafsiri nzuri, kaeni wawili mtafsiri onyesho moja tu kwa mkono.

*Alioa mara ngapi? (Wasomaji watatu)*

Mara mbili: mwimbaji María Dolores Pradera mwaka 1945, wakatengana baadaye, na mwigizaji Emma Cohen mwaka 2000 baada ya kuishi pamoja miaka mingi. Pradera alikuwa na sauti ya kusikilizwa kwa haki yake, si kwa sababu ya mume.

*Nianze na filamu ipi, na naweza kupata iliyotiwa sauti ya Kiingereza? (Msomaji, Kampala)*

Anza na La lengua de las mariposas ya mwaka 1999. Ni mwalimu mzee wa kijijini Galicia, don Gregorio, na mtoto anayeogopa shule, miezi michache kabla ya vita. Halafu El espíritu de la colmena ya Víctor Erice, ya 1973, ambamo ni baba mfuga nyuki asemaye maneno machache mno. Ukiipenda hiyo ya pili, uko tayari kwa zote.

Sauti ya Kiingereza, hapana. Nimeshaandika kuhusu hili na nitaandika tena. Hispania yenyewe iliumia kwa jambo hili: mwaka 1941 utawala wa Franco uliamuru filamu zote za kigeni ziingizwe sauti za Kihispania, na mkaguzi akapata pa kubadilishia maneno bila mtazamaji kujua. Nawapenda wasimuliaji wetu wa vibandani, nimekua nao, wana sanaa yao. Lakini sauti ya Fernán Gómez ni nusu ya kazi yake: nzito, yenye mkwaruzo, inayopanda ghafla kwa hasira na kushuka kama mtu aliyechoka kubishana. Ukiitoa unabaki na ndevu. Weka maandishi ya tafsiri chini ya picha, usome, usikilize.

*Naishi Muscat na mwezi ujao napita Madrid siku mbili. Kuna kitu chake cha kuona? (Msomaji, Oman)*

Kipo. Nenda kwanza Plaza de Santa Ana, ilipo Teatro Español. Humo baiskeli zake zilionyeshwa mara ya kwanza, na humo jeneza lake liliwekwa Novemba 2007 watu wapite kuaga, limefunikwa bendera nyekundu na nyeusi ya anarkia.

Siku ya pili fika Plaza de Colón. Kituo cha utamaduni cha jiji kilicho pale chini ya uwanja kilipewa jina lake mwaka aliofariki. Kama kuna onyesho, nunua tiketi hata kama huelewi lugha. Ukitoka, shuka na barabara ya Recoletos upande wa kulia. Utapita Café Gijón, alipokaa na waandishi na waigizaji wenzake miaka ya shida, na ambapo alianzisha tuzo ya riwaya fupi. Ingia mtaa wa nyuma yake, Tamayo y Baus. Jumba la maonyesho utakalolikuta hapo linaitwa Teatro María Guerrero. Kutoka kwenye jina la mjukuu mpaka kwenye jina la bibi ni mwendo wa dakika kumi kwa miguu.